Roho na Mwili katika Arda: Maswali Yanayoulizwa Mara kwa Mara kuhusu Fëa na Hröa

Msomaji wa J.R.R. Tolkien akishamaliza vitabu vya mwanzo na kuendelea mbele kidogo, hukutana na maneno mawili, fëa na hröa, na wengi hukwama hapo. Nimewaandikia hao. Majibu mengine ni marefu kwa sababu jambo lenyewe ni zito, na mengine yanatosha kwa sentensi mbili tatu.

Fëa na hröa ni nini?

Ni maneno ya Kiquenya, lugha ya kale ya Waelfi ambayo Tolkien aliitunga mwenyewe. Fëa ni roho na hröa ni mwili. Wingi wake ni fëar na hröar. Viwili hivyo vikiungana ndipo anapatikana Mwelfi au Binadamu aliye hai. Viumbe wa namna hii Waelfi huwaita Mirröanwi, yaani waliotiwa mwilini.

Vyanzo vyake ni tofauti. Hröa hutokana na Arda, dunia yenyewe: chakula, maji, damu ya mama na ya baba. Fëa haitoki duniani. Inatoka moja kwa moja kwa Eru Ilúvatar, Mungu Mmoja wa ulimwengu huo, na hakuna mwingine awezaye kuiumba. Aulë, fundi mkuu kati ya Valar (wale wakubwa wa roho waliokabidhiwa dunia waitunze), alijaribu. Alifinyanga mababu saba wa Wadwafu akapata vitu vilivyosogea pale tu yeye alipotaka visogee. Eru alipomuuliza, Aulë aliona aibu, akainua nyundo ili avivunje. Wale Wadwafu wakajikunyata na kuinamisha vichwa. Kwa woga ule Aulë akajua kwamba Eru ameshawapa uhai wao wenyewe, kwani kinyago hakiogopi nyundo.

Yanatamkwaje?

Mswahili hana shida hapa. Vile vitone viwili juu ya irabu havibadilishi sauti. Vimewekwa ili msomaji wa Kiingereza asizimeze irabu mbili kwa pamoja. Fëa ni fe-a, kama mwisho wa neno "pokea". Hröa ni hro-a, r yake ikitanguliwa na pumzi ya h.

Kwa Kiswahili tuseme roho au nafsi?

Mimi nasema roho. Nafsi, kwa jinsi tunavyoitumia kila siku, ni mtu mwenyewe: kuipigania nafsi yako, kuhukumiwa na nafsi yako. Kwa Tolkien fëa peke yake si mtu kamili. Ukiiita nafsi utakuwa umeshaamua kabla ya kusoma kwamba mtu ni kile cha ndani tu na mwili ni gunia la kukibebea. Roho inafaa zaidi kwa sababu tunasema kukata roho, roho kutoka, roho kurudi. Ni kitu kinachokaa mwilini na kinachoweza kuachana nao. Ila neno hili lina matumizi mengine. Tukisema fulani ana roho nzuri au roho ya korosho tunazungumzia tabia, na maana hiyo iwekwe kando hapa.

Mzimu lisitumike kabisa. Mzimu ni wa aliyekufa, na fëa anayo kila aliye hai.

Mbona sikuyakuta katika The Lord of the Rings?

Kitabu hicho kilitoka mwaka 1954 na 1955. Tolkien aliyakabili maswali haya kwa kina mwishoni mwa miaka ya 1950, akaandika insha, mazungumzo na vipande vingi, na alipofariki mwaka 1973 alikuwa hajachapisha hata kimoja. Mwanawe Christopher ndiye aliyevitoa, sehemu kubwa katika Morgoth's Ring ya mwaka 1993, juzuu ya 10 kati ya 12 za The History of Middle-earth. Vingine vilitoka mwaka 2021 katika The Nature of Middle-earth, iliyohaririwa na Carl F. Hostetter.

Hata hivyo mbegu yake ilikuwepo zamani. Jina la Mwelfi Fëanor maana yake ni roho ya moto, na ndani yake umo fëa. Katika The Silmarillion, Fëanor anapokata roho hazikwi, maana roho ile inatoka kwa ukali wa moto kiasi kwamba mwili unageuka majivu na kupeperuka.

Kwa hiyo roho ni njema na mwili ni mwovu?

Hapana. Hili ndilo kosa ninalokutana nalo kuliko yote, na mtu akilibeba, kila anachosoma baadaye kinapinda.

Tolkien alikuwa Mkatoliki, na kwake alichokiumba Mungu kiliumbwa kikiwa chema, udongo na roho pia. Katika mafundisho ya Waelfi, fëa na hröa vilikusudiwa viishi kwa mapatano. Mfano wao ni nyumba na mkaaji wake. Sisi tuliozoea maisha ya mjini tukisikia hivyo tunamfikiria mpangaji: kodi ikimshinda anafunga virago na kutafuta chumba mtaa wa pili. Sivyo. Kila fëa ina nyumba yake moja iliyoumbiwa, isiyomfaa mwingine. Ikiiacha haihamii kwingine, inabaki bila makao. Ndiyo maana kwa Waelfi kutengana kwa roho na mwili ni msiba, hata kwa yule ambaye maisha yake mwilini yalijaa maumivu.

Basi uovu umetoka wapi? Ulianzia rohoni. Melkor, aliyeitwa Morgoth baadaye, alikuwa roho tangu mwanzo, mkubwa kuliko Valar wote. Alitaka dunia iwe mali yake, na ili aimiliki alimwaga nguvu zake ndani ya maada yake, sehemu kwa sehemu, hadi yeye mwenyewe akapungua. Sauron, mtumishi wake mkuu, alikuja kufanya jambo kama hilo kwa kitu kidogo, Pete Moja. Jina la kitabu Morgoth's Ring linatoka hapo: pete ya Morgoth ni dunia nzima. Tolkien anaeleza kwamba dhahabu ilishikwa sana na doa hilo, fedha haikushikwa hivyo, na maji yalisalimika karibu yote. Na kwa kuwa miili hujengwa kwa vitu vya dunia, kila mwili una chembe ya doa lile. Waelfi huita hali hii Arda Iliyoharibiwa.

Lakini doa si kitambaa. Mchele wenye chuya ni mchele, na mpishi anapoupepeta hatupi mchele.

Ni kitu kimoja na yin na yang?

La. Yin na yang katika fikra za Wachina ni hali mbili zinazopokezana na kukamilishana katika kila kitu. Fëa na hröa ni sehemu mbili za kiumbe mmoja. Wala hii si ile vita ya nuru na giza zilizolingana nguvu, kama katika dini ya Mani, kwa sababu Morgoth halingani na Eru. Ni kiumbe wake aliyeasi.

Waelfi na Binadamu wanatofautiana wapi?

Kwa miili wanakaribiana kiasi cha kuoana na kuzaa, kama Beren, Binadamu, na Lúthien, Mwelfi. Tofauti iko katika roho na inakoelekea.

Fëa ya Mwelfi imefungwa na Arda mpaka mwisho wa Arda. Ina nguvu kubwa juu ya mwili wake, kwa hiyo mwili hauugui wala hauzeeki kama wetu. Mtoto wao hukua taratibu, anafikisha miaka 50 na pengine 100 kabla ya kuhesabiwa mtu mzima. Lakini nguvu hiyo hiyo ina gharama: karne kwa karne roho inaula mwili kama utambi unavyokula mafuta, mpaka mwili unabaki kama kumbukumbu tu ndani ya roho, na macho ya Binadamu hayauoni tena.

Fëa ya Binadamu ni mpita njia. Inakaa muda mfupi, kisha inatoka nje ya dunia kwenda ambako Waelfi hawajui.

Wasomaji wengi huwaonea Waelfi wivu. Nilikuwa mmoja wao hadi nilipoelewa kwamba Mwelfi hana pa kwenda. Dunia ikiisha naye ameisha, na hakuna aliyemwahidi kitu ng'ambo ya hapo.

Mwelfi akiuawa inakuwaje?

Roho yake inaitwa kwenye kumbi za Mandos, magharibi ya mbali. Huko inangoja, inapimwa, inapona majeraha yake, na wakati ukifika inaweza kuruhusiwa kurudi katika mwili.

Kuitwa si kukamatwa, kwa hiyo roho inaweza kukataa. Zinazokataa hubaki zikizurura mahali zilipopapenda. Waelfi wenyewe walionya watu wasiongee nazo, kwa kuwa nyingine zina njaa ya mwili: huomba hifadhi kwa aliye hai, kisha hutaka kumtoa mwenye nyumba. Pwani tunazo habari za pepo kumpanda mtu kichwani, lakini pepo ni kiumbe wa aina yake. Hapa tunazungumzia roho ya marehemu aliyegoma kuondoka. Sauron alifanya biashara na roho kama hizi na kuwafundisha wafuasi wake. Katika The Hobbit anatajwa kwa mbali tu kama mchawi wa kuwaita wafu.

Anarudi kwa kuzaliwa upya?

Tolkien alianza na wazo hilo, kwamba anazaliwa tena akiwa mtoto mchanga, halafu likamsumbua. Mtoto huyo angekuwa wa wazazi gani, wa kwanza au wa pili? Na roho ingeingiaje katika mwili usio wake, wakati kila roho ina nyumba yake moja? Akaliacha. Katika maandishi ya baadaye mwili wa zamani unajengwa tena ukiwa ule ule, kwa uwezo wa Valar au kwa kumbukumbu ya roho yenyewe. Mwelfi Glorfindel, aliyekufa akipigana na Balrog, pepo wa moto, wakati mji wa Gondolin ulipoanguka, alirudi hivyo. Na ndiye huyo aliyempandisha Frodo, yule mbebaji wa Pete Moja, juu ya farasi wake maelfu ya miaka baadaye.

Míriel ni nani, na kwa nini anatajwa kila mara?

Ni mama yake Fëanor, na kisa chake ndicho mlango wa jambo hili lote.

Alikuwa mshonaji wa nakshi, mwenye mikono iliyoishinda ya wengine wote kwa ufundi, na aliishi Valinor, nchi ambayo kifo hakikutazamiwa kabisa. Akamzaa mtoto mmoja. Nguvu ambazo zingetosha watoto wengi zilikwenda zote kwa huyo mmoja, na baada ya kujifungua hakutamani kuishi tena. Finwë mumewe alihuzunika, akashauriwa ampeleke bustani za Lórien apumzike. Míriel akalala chini ya miti, na roho yake ikaondoka kimyakimya kwenda Mandos. Mwili haukuoza. Uliendelea kulala pale kama wa mtu aliyesinzia, ukitunzwa na wahudumu, naye Finwë akawa anakuja kukaa kando yake na kumwita jina. Hakuitikiwa.

Hakuna vita hapo, wala sumu, wala jeraha. Mwili ni mzima na mahali ni patakatifu, lakini viwili vilivyoumbiwa kukaa pamoja vimeachana, na Finwë amebaki peke yake mwenye huzuni katika nchi nzima yenye furaha. Katika yote aliyoandika Tolkien kuhusu vifo, hiki ndicho kinachonikaa muda mrefu zaidi.

Kwa nini Finwë hakuoa tu mke wa pili?

Swali hili wasomaji wetu huliuliza haraka, na ni la haki. Kwa desturi nyingi za kwetu mjane wa kiume hangelaumiwa, na mwenye wake wawili si habari. Kwa Waelfi ndoa hufunga roho na mwili pia, mume mmoja na mke mmoja, kwa muda wote wa Arda. Na marehemu wao anaweza kurudi! Finwë akioa, halafu Míriel akarejea mwilini siku moja, atamkuta nani nyumbani?

Valar walikaa baraza kuhusu ndoa hiyo moja. Mwishowe iliamuliwa kwamba Finwë anaweza kuoa ikiwa Míriel ataridhia kutorudi kamwe. Akaridhia. Finwë akamwoa Indis, akawazaa Fingolfin na Finarfin, na uhasama kati ya Fëanor na ndugu zake wa kambo ukaanzia hapo, pamoja na damu nyingi iliyokuja kumwagika.

Baadaye Finwë aliuawa na Melkor, akakutana na Míriel huko Mandos. Naye akaiacha haki yake ya kurudi ili Míriel arudie uhai. Alipoupata mwili wake tena alikwenda nyumba ya Vairë mfumaji, akawa anafuma humo habari zote za ukoo wa Finwë.

Kifo kinaitwaje zawadi?

Kinaitwa hivyo na Waelfi, na Binadamu ndani ya hadithi hawakubaliani wote. Katika mazungumzo yaitwayo Athrabeth Finrod ah Andreth, mfalme Mwelfi Finrod anazungumza na Andreth, mwanamke mwenye hekima wa ukoo wa Bëor ambaye uzee umeshamwingia. Andreth anakataa katakata. Anasema wahenga wake walisimulia kwamba Binadamu hawakuumbiwa kufa, walitiwa kifo. Finrod anatafakari mbele yake: amewaona Binadamu wakiitazama dunia kama wageni, kila kitu kinawakumbusha kingine walichokiona mahali pengine. Huenda basi roho zao ni za kwenda nje ya dunia. Lakini roho iliyoumbwa ili iuache mwili nyuma ni kitu kilichovunjika tangu mwanzo, na Eru haumbi hivyo. Kwa hiyo Finrod anafikia wazo linalomshangaza mwenyewe: labda roho ya Binadamu ilikusudiwa iuchukue mwili wake, na udongo wa Arda uvushwe pamoja nayo.

Yaani hata hapo mwili hautupwi.

Wafalme wa Númenor, kisiwa cha Binadamu, wanaonyesha pande zote mbili. Wa kwanza walijua saa yao, wakaaga, wakalala wenyewe. Waliofuata walishikilia uhai mpaka akili zikawatoka, wakahangaika na makaburi na dawa za kuhifadhi maiti, na wa mwisho, Ar-Pharazôn, akaenda na majeshi ya merikebu kuunyakua uzima kwa nguvu. Nchi ikazama. Aragorn, mfalme wa uzao wao, aliirudisha desturi ya zamani: akiwa na miaka 210 alimkabidhi mwanawe taji, akalala, akamuaga mkewe Arwen, akaiachia roho. Nilisoma kurasa hizo miezi michache baada ya kumzika bibi yangu, ambaye wiki ya mwisho alituita mjukuu mmoja mmoja, akatushika mkono na kutuaga. Sikuhitaji kuelezwa.

Arwen alihitaji. Alikuwa Mwelfi aliyechagua hatima ya Binadamu, na ni siku ile tu alipojua uchungu wake.

Ulimwengu unaoonekana na usioonekana unaingiaje hapa?

Ni jambo hili hili likitazamwa kwa macho. Hröa iko upande unaoonekana, fëa upande wa pili, na mzima wa kawaida anauona mmoja tu.

Pete huvuruga mpaka huo. Nazgûl walikuwa wanaume tisa waliopewa pete, wakanyimwa kufa, maisha yakarefushwa bila kuongezewa kitu, hadi miili ikafifia yote na majoho meusi yakabaki kuwapa umbo. Frodo anapoivaa Pete kwenye kilima cha Weathertop anawaona walivyo, weupe, mfalme wao akiwa na taji. Anachomwa kwa kisu cha Morgul, na kipande cha ncha kinabaki ndani kikisogea kuelekea moyoni. Kingefika, asingekufa. Angekuwa kama wao.

Elrond, bwana wa Rivendell, anakitoa. Frodo anapoamka huko, mchawi Gandalf anamkagua na kuona kitu kidogo ambacho wengi hukipita: mkono wa kushoto, uliolala juu ya shuka, umekuwa kama unapitisha nuru kidogo. Gandalf anawaza kwamba huenda Frodo akaishia kuwa kama kioo kilichojaa mwanga. Mwili ule umeshaanza kuachana na upande wake.

Siku chache kabla, kwenye kivuko cha mto, Frodo alimwona Glorfindel aking'aa mweupe. Gandalf anaeleza kwamba waliowahi kuishi Nchi Iliyobarikiwa, yaani Valinor, wamo pande zote mbili kwa wakati mmoja. Nazgûl amepoteza upande mmoja. Glorfindel anazo zote mbili, na ndiyo sababu wanamwogopa.

Na Gandalf, Saruman, Sauron?

Hao ni roho kwa asili, na mwili kwao ni kama vazi. Lakini anayekaa sana katika vazi, akala, akanywa, hufungwa nalo. Gandalf na Saruman walitumwa katika miili ya wazee, inayochoka na inayouawa. Saruman alipokatwa koo, roho yake iliinuka kama ukungu wa kijivu, ikatazama magharibi, upepo wa huko ukaifukuza. Sauron alipoteza umbo lake zuri Númenor ilipozama, asilipate tena.

Maorki wana roho?

Tolkien alibadili mawazo kuhusu asili ya askari hawa wa Morgoth na Sauron mara kadhaa na hakufikia mwisho. Ikiwa ni Waelfi au Binadamu waliopotoshwa, basi wanazo, na kuwaua si jambo jepesi.

Wadwafu je?

Wanazo, kutoka kwa Eru. Wao wenyewe husema Aulë huwatunza katika kumbi zao ndani ya Mandos.

Nianze kusoma wapi?

Anza na The Silmarillion kwa kisa cha Fëanor na cha Beren na Lúthien, kisha viambatisho vya The Lord of the Rings kwa Aragorn na Arwen. Halafu Morgoth's Ring: sheria na desturi za Waelfi, Míriel, na mwishoni Athrabeth.

Hiyo ya mwisho usiisome kama somo la falsafa. Inachelewa kukuambia kwamba Andreth, alipokuwa msichana, alimpenda Aegnor, ndugu wa Finrod, naye akampenda, kisha akaenda zake. Hoja zote za roho na mwili zimetoka katika kinywa cha mwanamke anayezeeka akijua kwamba aliyempenda hatazeeka. Finrod anamwambia ukweli: Aegnor hataoa mwingine, atabeba kumbukumbu yake mpaka dunia iishe. Na wanapoagana anamwombea akute nuru huko aendako, na awangoje, ndugu yake, na yeye pia.